Mahatma Gandhi na Mambo ya Nyumbani

Mpenzi msomaji, hebu tuanzie hapa kwetu pwani. Mwaka wa 1893 meli iliyotoka Bombay ilitia nanga Lamu kwa saa tatu au nne hivi. Miongoni mwa abiria alikuwamo wakili kijana wa Kihindi, umri wake miaka 23, aliyekuwa safarini kwenda Afrika Kusini kutafuta riziki. Aliteremka ili auone mji, akawakuta Wahindi wenzake wakifanya kazi ya ukarani katika posta, wakapiga soga. Abiria wengine, wale wa sitahani, nao walikuwa wameshuka kwenda kujipikia chakula. Wakati wa kurudi mashua ilijaa pomoni. Mkondo wa maji ulikuwa mkali, na kila mashua ilipokaribia ngazi ya meli ilisukumwa mbali. Honi ikalia. Rafiki mmoja akamkodia kijana yule mashua nyingine kwa rupia kumi, lakini alipofika kwenye meli, ngazi ilikuwa imekwisha pandishwa. Ikabidi avutwe juu kwa kamba kama gunia la nazi! Meli ikang'oa nanga na abiria wenziwe wakaachwa Lamu wakikodoa macho.

Kijana huyo ndiye Mohandas Karamchand Gandhi, ambaye ulimwengu ulikuja kumwita Mahatma, yaani mwenye roho kubwa. Wengi wetu tunamjua kutokana na somo la Historia kwamba aliongoza watu wa India kudai uhuru bila kushika silaha. Sitayarudia yote, nisije nikamnyang'anya mwalimu wa Historia kazi yake. Ninalotaka kueleza ni vile Gandhi alivyopigana vita vyake kwa vitu vya nyumbani: chakula, nguo, chumvi na hata choo. Na vile vita hivyo vilipiganwa kwanza ndani ya nyumba yake mwenyewe, wakaumia mkewe na wanawe.

Gandhi alizaliwa tarehe 2 Oktoba 1869 mjini Porbandar, katika eneo la Gujarat, magharibi mwa India. Huko ndiko walikotoka wengi wa Wahindi walioleta maduka Afrika Mashariki. Babake, Karamchand, alikuwa waziri mkuu wa mtawala mdogo wa hapo. Mamake, Putlibai, alikuwa mcha Mungu kupindukia. Kila masika ya miezi minne alikuwa akiweka nadhiri za kufunga. Mwaka mmoja aliapa kwamba hatatia chakula kinywani mpaka alione jua. Na masika ya India si mchezo, jua laweza kujificha kutwa. Watoto walikuwa wakisimama nje wakitazama mawingu, na jua likichungulia tu wanakimbia kumwita mama. Mama anatoka mbio, anakuta jua limekwisha jificha tena. Basi anacheka, anarudi kazini mwake na tumbo tupu. Mimi naamini kwamba Gandhi aliyekuja kufunga mbele ya ulimwengu mzima alianzia pale uani, akimtazama mama.

Alipotimu miaka 13 aliozwa. Naam, kumi na mitatu, umri wa mtoto wa darasa la saba! Bibi harusi alikuwa Kasturba, binti wa mfanyabiashara wa mji uo huo, naye alikuwa rika lake. Ndoa za watoto zilikuwa desturi ya kawaida wakati huo, na harusi ya Kihindi ilikuwa gharama kubwa: nguo, mapambo ya dhahabu, karamu za siku nyingi. Kwa hiyo wazee waliwaoza vijana watatu wa ukoo kwa mpigo mmoja, Gandhi, kakake na binamu yao, ili kupunguza gharama. Baadaye Gandhi alilaumu sana jambo hili. Lakini wakati ule alijiona bwana kamili. Alimpiga mkewe marufuku kwenda popote bila ruhusa yake, hata hekaluni. Kasturba hakubishana naye. Alikwenda tu, na alipokatazwa zaidi alikwenda zaidi. Ukiniuliza mimi, mwanafunzi wa kwanza wa kupinga amri bila vita hakuwa Gandhi bali alikuwa Kasturba.

Kisa kingine cha ujana wake kinachekesha. Familia yao haikula nyama asilani. Rafiki mmoja akamwambia kwamba Waingereza wanatawala India kwa sababu wao ni wala nyama, ndipo wana nguvu. Gandhi akashawishika. Wakaenda mahali pa faragha kando ya mto, akala nyama ya mbuzi iliyokuwa ngumu kama ngozi ya kiatu. Usiku hakulala, kila akisinzia alihisi mbuzi mzima analia tumboni mwake. Kwa sisi tunaopenda mutura na nyama choma, jambo hili ni gumu kuliamini! Aliendelea kula kwa siri kama mwaka mmoja hivi, kisha akaacha. Wala hakuacha kwa kuogopa nyama. Aliona haya kuwadanganya wazazi.

Babake alifariki mwaka wa 1885. Mwaka wa 1888 Gandhi alikata shauri kwenda London kusomea sheria. Mama hakumwachilia mpaka alipoapa mbele ya mtawa kwamba hatagusa nyama, pombe wala mwanamke. Wazee wa tabaka lake huko Bombay walisema kuvuka bahari ni haramu, na walipomshindwa wakamtenga. Akaenda vivyo hivyo. London alikaribia kufa njaa kwa mboga za kuchemshwa zisizo na chumvi wala bizari, hadi siku alipogundua mkahawa wa watu wasiokula nyama katika mtaa wa Farringdon. Alirudi kwao mwaka wa 1891 akiwa wakili, akapokelewa na habari kwamba mamake hayuko tena. Ndugu zake walikuwa wamemficha habari hizo.

Huko Afrika Kusini mambo yalimchachia mapema. Mwezi wa Juni 1893, akiwa na tikiti ya daraja la kwanza, alitolewa nje ya gari la moshi katika kituo cha Pietermaritzburg kwa sababu ya rangi yake, akakesha kwenye baridi. Kisa hicho kinajulikana sana, kwa hiyo nitakipita. Kisa ambacho hakisimuliwi sana kilitokea mwaka wa 1898 nyumbani kwake Durban.

Nyumba ile haikuwa na vyoo vya maji vyumbani. Kila chumba kilikuwa na chombo cha kukojolea usiku, na asubuhi lazima mtu akimwage. Katika India kazi hiyo ilikuwa ya watu wa chini kabisa, walioitwa wasioguswa, kwa maana watu wa matabaka mengine waliamini kwamba kuwagusa ni kujitia najisi. Gandhi alikwisha amua kwamba nyumbani mwake hakuna mtu wa kufanyiwa kazi hiyo. Makarani walioishi naye walimwaga vyombo vyao wenyewe. Akaja karani mpya, Mkristo ambaye wazazi wake walikuwa wasioguswa, na kwa kuwa alikuwa mgeni, chombo chake kikawa juu ya Gandhi na mkewe. Kwa Kasturba huo ulikuwa mtihani mkubwa. Alilelewa tangu utotoni akijua kwamba jambo kama hilo ni unajisi. Alishuka ngazi na kile chombo mkononi, machozi yakimtiririka. Gandhi hakuridhika. Alitaka akibebe kwa furaha! Akamfokea, na mama naye akamjibu kwamba basi abaki na nyumba yake. Gandhi akamshika mkono, akamkokota hadi langoni ili amtoe nje. Hapo Kasturba akamuuliza kama hana haya hata kidogo, aende wapi katika nchi ambayo hana mzazi wala jamaa. Gandhi akaona aibu, akafunga lango.

Mtu aliyetusimulia kisa hiki ni Gandhi mwenyewe, katika kitabu alichoandika juu ya maisha yake. Angeweza kukificha na hakuna ambaye angejua. Sisi wanafunzi tunajua kuosha choo kama adhabu ya wachelewaji. Kwake haikuwa adhabu, na maishani mwake mwote hakuacha kuosha choo kwa mikono yake. Lakini nauliza, kama kazi ni ya heshima, mbona amlazimishe mwenzake kwa kumvuta mkono?

Mwaka wa 1901 walipokuwa wakiondoka Natal kurudi India, Wahindi wa huko waliwapa zawadi tele, za dhahabu na almasi, pamoja na mkufu wa thamani wa Kasturba. Gandhi hakulala usiku huo. Asubuhi alikwisha amua kwamba zawadi zote zitawekwa benki kwa faida ya jamii. Aliwashawishi watoto kwanza, ndipo akamkabili mama yao. Msomaji, katika nyumba ya Kihindi dhahabu si pambo tu. Ndiyo akiba ya mwanamke, na ndiyo humvika mkaza mwana siku anapoingia nyumbani. Kasturba alilia, akasema wanawe wataoa, naye awape nini wake zao? Na mkufu ule ulikuwa wake, kwa kuwa naye alitumikia watu usiku na mchana. Hoja yake ilikuwa na uzito. Hata hivyo, mume alishinda, na dhahabu ikarudi.

Kuna jambo lingine ambalo si haki nilifiche kwa vile tu nampenda mhusika wangu. Miaka yake ya mwanzo Afrika Kusini Gandhi alitetea Wahindi peke yao, na aliandika maneno ya dharau juu ya Waafrika. Baadaye alibadilika, lakini maandishi yapo. Kwa ajili hiyo sanamu yake katika Chuo Kikuu cha Ghana, iliyozinduliwa mwaka wa 2016, iliondolewa Desemba 2018. Sanamu yake katika Chuo Kikuu cha Nairobi ingali pale. Mimi nilipojua haya nilikasirika, nikakaribia kuacha makala hii. Kisha nikaona heri niandike yote.

Mapambano yake ya kukataa sheria mbaya kwa amani, aliyoyaita satyagraha, yaani kushikilia ukweli, yalianza Johannesburg mwaka wa 1906. Mwaka wa 1913 mahakama ya huko ilitoa uamuzi ulioziondolea ndoa zisizo za Kikristo uhalali wa kisheria. Hebu fikiria! Kasturba, aliyekuwa ameolewa miaka thelathini na kuzaa wana wanne, akawa si mke wa mtu tena. Safari hii hakuvutwa mkono na yeyote. Alivuka mpaka pamoja na wanawake wengine, akakamatwa, akafungwa miezi mitatu na kazi ngumu.

Kifungua mimba wao, Harilal, naye alifungwa mara kadhaa katika mapambano hayo. Lakini Harilal alikuwa na kiu moja, shule. Gandhi hakutaka wanawe wapate elimu ya Kiingereza, aliwafundisha mwenyewe nyumbani alipopata nafasi, na nafasi ilikuwa haba. Ilipotokea nafasi ya kumpeleka kijana London kusoma, Gandhi aliwapa wengine, asije akaonekana anapendelea damu yake. Mwaka wa 1911 Harilal aliondoka nyumbani. Maisha yake yakaharibika kwa ulevi na madeni, na hawakupatana na babake kikamilifu tena. Hapa simwungi Gandhi mkono hata kidogo. Yeye alikuwa na uwakili wa London mfukoni, mwanawe akakosa hata cheti. Siye tunaotembea maili asubuhi kwenda shule tunajua uchungu wa kufukuzwa darasani kwa siku mbili tu.

Gandhi alirejea India moja kwa moja Januari 1915, akaanzisha makao ya pamoja karibu na mji wa Ahmedabad. Kila mtu hapo alipika, alifagia, alifuma na kuosha vyoo. Mwaka huo huo akaipokea familia ya wasioguswa, baba, mama na kitoto kichanga cha kike. Moto ukawaka. Matajiri waliokuwa wakichanga pesa wakakata msaada. Wakazi wenyewe wakanung'unika, na Kasturba mmoja wao. Pesa zilipokwisha kabisa, Gandhi alikuwa tayari kuhamia mtaa wa wasioguswa. Ndipo tajiri mmoja akasimamisha gari langoni, akamkabidhi noti za rupia 13,000, akaenda zake. Familia ile ikabaki, na kitoto kile Gandhi akakifanya binti yake.

Sasa tuje kwenye nguo. Kwa karne nyingi India ilisifika kwa vitambaa vya pamba. Chini ya Waingereza, pamba ilisafirishwa hadi viwanda vya Lancashire, ikafumwa huko, ikarudi kuuzwa kwa mkulima yule yule aliyeilima. Wafumaji wa vijijini wakakosa kazi. Gandhi akaamua kwamba Wahindi wajisokotee nyuzi na kuvaa kitambaa cha nyumbani, khadi. Tatizo likawa moja: yeye na wenziwe hawakujua kusokota, na hata gurudumu la kusokotea, charkha, walilikosa. Mama mmoja mjane aliyeitwa Gangabehn alizunguka Gujarat akilitafuta, hadi akayakuta mengi katika mji wa Vijapur, yametupwa darini kama takataka. Tangu hapo Gandhi alisokota karibu kila siku, awe nyumbani au gerezani. Mwaka wa 1921 nguo za kigeni zilirundikwa na kuchomwa moto hadharani. Mwezi wa Septemba mwaka huo, mjini Madurai, Gandhi aliiacha kanzu na kofia, akajifunga shuka fupi tu kiunoni, kwa sababu maskini walimwambia hawana uwezo wa kununua khadi ya kutosha mwili mzima. Hakuivua shuka hiyo hadi kufa. Mwaka wa 1931 alipokwenda London kwa mkutano, aliingia nayo katika jumba la Mfalme George wa Tano, na viatu vya kanda miguuni. Safari hiyo alikwenda pia Lancashire, kuonana na wafanyakazi waliopoteza ajira kwa sababu Wahindi wamesusa vitambaa vyao. Badala ya kumpiga mawe walimshangilia.

Na chumvi je? Sheria ya serikali ya kikoloni ilimkataza mtu kujitengenezea chumvi, hata kama bahari iko mlangoni pake. Lazima anunue, na alipe kodi juu yake. Maskini anayetoka jasho kutwa juani alilipa sawa na tajiri. Wengine katika chama cha Congress walipinga wazo la Gandhi. Waliona kwamba uhuru ni jambo kubwa, chumvi ni jambo la jikoni. Yeye alijua kwamba hakuna jiko lisilo na chumvi, la Mhindu wala la Mwislamu. Tarehe 12 Machi 1930, akiwa na umri wa miaka 60, alitoka Ahmedabad kwa miguu na wafuasi 78. Walitembea kama kilomita 385 kwa siku 24, wakila chapati, dengu na chochote walichopewa vijijini. Tarehe 6 Aprili, kwenye ufuo wa Dandi, aliinama akaokota tonge la matope yenye chumvi. Basi! Pwani nzima watu wakaanza kuchemsha maji ya bahari. Zaidi ya watu 60,000 walifungwa, na magereza yakafurika.

Katika jambo la wasioguswa Gandhi hakukubaliana na Dakta Ambedkar, msomi aliyezaliwa miongoni mwao. Ambedkar hakutaka huruma ya watu wa matabaka ya juu, alitaka sheria na viti vya kisiasa vya watu wake wenyewe. Mwaka wa 1932 Gandhi alifunga kula gerezani kupinga mpango wa kuwatenga katika uchaguzi, na Ambedkar akalazimika kukubali mapatano, roho ikimuuma. Baadaye Ambedkar aliongoza kamati iliyoandika katiba ya India, iliyoanza kutumika tarehe 26 Januari 1950, na ndani yake desturi ya kutoguswa ilipigwa marufuku. Nafikiri kila mmoja alikuwa na sehemu yake katika hilo, lakini kalamu ilikuwa ya Ambedkar.

Agosti 1942 Gandhi aliwataka Waingereza waondoke India, akakamatwa. Kasturba naye akafungwa pamoja naye katika kasri moja mjini Poona. Huko akaugua. Mwana wao Devdas alileta dawa ya penisilini, iliyokuwa mpya wakati huo, lakini Gandhi akakataa mkewe adungwe sindano za mateso. Tarehe 22 Februari 1944 Kasturba alikata roho akiwa amelazwa mapajani mwa mumewe, baada ya miaka zaidi ya sitini ya ndoa. Alichomwa kwa desturi za Kihindu, akiwa amevikwa sari nyeupe iliyofumwa kwa nyuzi alizosokota Gandhi kwa mikono yake.

Uhuru ulipokuja tarehe 15 Agosti 1947, nchi ikiwa imegawanywa India na Pakistan, Gandhi hakuwa kwenye sherehe za Delhi. Alikuwa Calcutta, amefunga, anasokota, akiwasihi Wahindu na Waislamu waache kuchinjana. Januari 1948 alifunga tena siku tano mjini Delhi hadi viongozi wa pande zote wakaahidi amani. Tarehe 30 mwezi huo, saa kumi na moja jioni na dakika kidogo, alikuwa akienda kwenye sala, ameegemea mabega ya wasichana wawili wa ukoo wake, akiwa amekasirika kidogo kwa kuchelewa. Nathuram Godse, Mhindu mwenzake aliyemwona kuwa anawapendelea Waislamu, alimpiga risasi tatu. Alikuwa na miaka 78. Alivyoacha ni miwani, saa ya mfukoni, viatu vya kanda, bakuli la chakula na vijivitu vingine vya namna hiyo.

Harilal alifariki Bombay mwezi wa Juni mwaka uo huo.

Majivu ya Gandhi yaligawanywa na kumwagwa katika mito mbalimbali. Sehemu yake ilivuka bahari ile ile aliyoivuka kijana wa 1893, ikaletwa Afrika Mashariki, na mwaka huo wa 1948 ikamwagwa Jinja, Uganda, pale Mto Naili unapotoka ziwani.